Wiki moja nyuma ya al-Husary: Cairo, Tanta na Shubra al-Namla

Jumamosi, Cairo

Redio ya teksi ilikuwa kwenye 98.2 tangu uwanja wa ndege. Dereva hakuniuliza napenda nini. Cairo, Idhaa ya Qur'ani huwaka pamoja na injini na kuzimika nayo. Utaikuta kwa muuza mboga, kwa kinyozi, kwa fundi viatu, na hakuna anayeonekana kusikiliza mpaka ujaribu kuizima. Tulikwama juu ya daraja karibu na stesheni ya Ramses, honi mbele na nyuma, na ndani ya gari Sheikh Mahmoud Khalil al-Husary alikuwa katikati ya Suratu Hud.

Nilijua aya ya 41 inakuja, nikanyamaza. Katika riwaya ya Hafs, yaani ile namna ya kusoma tuliyoizoea sisi, msahafu mzima, hapo ndipo mahali pekee penye imala: fataha ("a") ya ra katika "majreehaa" inainamishwa kuelekea kasra ("i"). Msahafu unaweka alama ndogo chini ya herufi, basi. Uinamishe kiasi gani, mdomo ukae vipi, alama haisemi. Wanafunzi wangu Tanga wakifika hapo hugawanyika: wapo wanaotamka "i" kavu, na wapo wanaopita kana kwamba ile alama ni wino uliomwagika kiwandani. Al-Husary alifika pale bila haraka, sauti ikainama kiasi chake, ikarudi mahali pake. Dereva akapiga honi.

Nimekuja Misri kwa ajili ya huyu. Mmisri yeyote ukimwambia akutajie makari, wasomaji wakubwa wa Qur'ani wa zama za redio, hatakosa wanne: Mustafa Ismail, Muhammad Siddiq al-Minshawi, Abdul Basit Abdus-Samad na al-Husary. Pwani yetu ilimpenda Abdul Basit, na si ajabu. Pumzi ile ingemshangaza hata mvuvi wa kupiga mbizi. Al-Husary ndiye aliyewekwa darasani. Wengi husifu elimu yake kisha wakaongeza, kwa sauti ya chini kidogo, kwamba ni mkavu. Mimi nadhani kwenye huo ukavu ndiko kwenye kazi yake yote, na wiki hii nataka kuona ulitoka wapi.

Jumapili, Cairo

Mwenyeji wangu ni kijana wa Pemba anayesoma al-Azhar. Ananiita Maalim ingawa hajawahi kukaa kwenye mkeka wangu, na Kiarabu chake cha mtaani kimeniacha mbali sana. "Maalim, huku tunapita chini," akasema, akanishika mkono tukashuka kwenye njia ya chini ya barabara inayotenganisha Msikiti wa al-Azhar na Msikiti wa Hussein.

Al-Husary alikuwa msomaji rasmi wa Msikiti wa Hussein tangu 1955 hadi alipofariki. Ni kazi ya heshima kubwa. Siku ya Ijumaa kabla ya hotuba watu wameshajaa, na qari ndiye anayewashika mpaka khatibu apande mimbari. Kwa msomaji wa aina ya Mustafa Ismail, hapo ndipo pa kuonesha ufundi: aya moja inarudiwa kwa maqamu (mahadhi) tofauti, watu wanaitikia, naye anapanda tena. Hiyo ndiyo mujawwad. Al-Husary naye aliisoma, na kuna rekodi zake za mujawwad ambazo wanaomwita mkavu hawajazisikia au wamezisahau. Ila hata humo hukumu za usomaji hazipindi kupisha nagham, yaani uzuri wa sauti. Madda, ule mvuto wa irabu, aliyoivuta mwanzo wa sura utaikuta imevutwa kiasi kilekile mwisho wake, amechoka asichoke.

Mchana tulikwenda kando ya Nile tulione jengo la Maspero, makao ya redio na televisheni. Kuingia hakuna, askari wamesimama, na tulipotazama kwa muda kidogo mmoja wao akatutazama na sisi. Tukaenda kukaa mbele kidogo ukutani.

Redio ya taifa ya Misri ilianza 31 Mei 1934, na wa kwanza kusoma Qur'ani humo alikuwa Sheikh Muhammad Rif'at. Al-Husary aliingia miaka kumi baadaye. Mwaka 1944 alifanya mtihani wa redio akatoka wa kwanza, akiwa na miaka 26. Lakini lililomfanya awe al-Husary huyu tunayemjua lilianza 1959, na wazo halikuwa lake. Lilikuwa la Labib al-Said, mtu aliyeongoza jumuiya ya kuhifadhi Qur'ani. Alisema hivi: Abubakar alikusanya Qur'ani kwa maandishi baada ya wasomaji wengi kuuawa vitani Yamama, sasa mabingwa wa usomaji wanazeeka, na chombo cha kuhifadhi sauti kipo, kwa nini isikusanywe kwa sauti? Alitaka isomwe kwa tartili ya kawaida, usomaji wa utulivu bila madoido, ili iwe ya kujifunzia. Kazi ikaanza 1960, na Julai 1961 santuri zikatoka: Qur'ani nzima, riwaya ya Hafs kutoka kwa Asim, msomaji al-Husary. Ndiyo murattal, yaani Qur'ani ya tartili, kamili ya kwanza kurekodiwa.

Kwa nini yeye? Kijana alisema ni kwa sababu sauti yake ilikuwa safi. Sikukubali. Sauti safi Misri haikuwa na upungufu. Kilichotakiwa ni mtu ambaye wanazuoni wakikaa kumsikiliza neno kwa neno hawatapata pa kumrudisha, na ambaye hatavutika kuzipamba aya kwa sababu tu kipaza sauti kiko mbele yake. Tayari alikuwa mkaguzi wa makarii, yaani zile halaqa za usomaji zinazoendeshwa misikitini chini ya serikali, na karibu na wakati uleule akawa Sheikh wa makarii yote ya Misri. Kwa hiyo aliyepelekwa studio alikuwa mkaguzi. Ukisikiliza rekodi ile ukiwa na hilo kichwani, utaisikia vingine.

Miaka mitatu baadaye serikali ilipata shughuli nyingine. Kulikuwa kumeanza kusambaa misahafu iliyochapwa vizuri, karatasi nzuri, bei rahisi, lakini yenye kasoro zilizotiwa ndani. Mfano unaotajwa siku zote ni aya ya 85 ya Aali Imran, ambapo neno "ghayra" (isiyokuwa) lilikuwa limeondolewa na maana kugeuka juu chini. Kuifuata misahafu ile nyumba kwa nyumba haikuwezekana. Kwa hiyo tarehe 25 Machi 1964 ikafunguliwa Idhaa ya Qur'ani, na mwanzoni haikuwa na kitu kingine isipokuwa rekodi ya al-Husary, saa 14 kwa siku. Atakayekuwa na msahafu wenye kasoro, redio ya jirani ingemuumbua.

Jumatatu, Tanta

Treni kutoka Ramses, njia ya Iskandaria, daraja la pili. Muuza chai anapita na birika kati ya viti hata treni ikiyumba, na hamwagi. Banha, kisha mashamba: majani ya ng'ombe ya kijani kibichi, kabichi, michungwa. Udongo mweusi wa Delta, na Januari hii mvua imeufanya mlenda. Zaidi kidogo ya saa moja tukawa tumefika.

Kutoka stesheni hadi msikiti wa Sayyid Ahmad al-Badawi ni mwendo mfupi wa miguu, na njia nzima ni maduka ya halawa na dengu za kukaanga ambazo wao huziita hummus, zimepangwa piramidi piramidi. Al-Badawi alizaliwa Fez, akafariki hapa 1276, na maulidi yake ya mwezi Oktoba hujaza mji mpaka watu wanalala barabarani. Mimi nimekuja wakati mji umetulia, na nashukuru.

Watu wa nje wanapotaja elimu ya Misri wanataja al-Azhar. Wamisri wa Delta wana msemo wao: hakuna Qur'ani isipokuwa ya Ahmadi, wala elimu isipokuwa ya Azhari. Ahmadi ni msikiti huu. Wasomaji walikuja hapa kupimwa, na aliyepita hapa hakuhitaji maneno mengi kwingine. Mustafa Ismail, aliyetoka kijiji kingine cha mkoa huu wa Gharbia, alipita hapa. Al-Husary alianza chuo cha dini cha hapa akiwa na miaka 12, kabla ya kuingia al-Azhar kusoma visomo kumi, na mwaka 1950 akarudi kuwa msomaji rasmi wa msikiti huu huu.

Jambo jingine linanihusu mimi na kila aliyekaa chuoni pwani. Shairi tulilolikariri utotoni kabla hata hatujajua linasema nini, lile la hukumu za nuni sakina na tanwini, Tuhfatul Atfal, ni la Sulayman al-Jamzuri, mzaliwa wa Tanta. Mwishoni mwake ametia hesabu ya abjadi, ambamo kila herufi ina thamani ya namba: maneno mawili yanatoa idadi ya beti, 61, na matatu mengine yanatoa mwaka aliolimaliza, 1198 Hijria. Nilimsomea kijana ule ubeti tukiwa tumekaa karibu na nguzo, tukahesabu herufi kwa vidole, zikatimia. Mzee aliyekuwa jirani yetu akageuka akaumalizia ubeti kabla yangu, kwa mahadhi ambayo sikuyajua. Akatuuliza tunatoka wapi. "Tanzania, ya maulana," kijana akajibu. Mzee akasema kama tunataka kumjua al-Husary basi kesho tusilale mjini.

Jumanne, Shubra al-Namla

Daladala ndogo, kisha tuktuk kwenye matope. Kijiji cha kawaida cha Delta: mfereji, nyumba za matofali ambazo nondo zimeachwa juu kusubiri ghorofa ya mtoto atakayeoa, punda, bukini, watoto na mabegi ya shule.

Al-Husary alizaliwa hapa 17 Septemba 1917. Baba yake alikuwa ametoka Fayyum akahamia. Kuttab, chuo cha Qur'ani, aliingia na miaka minne, na alipotimiza minane alikuwa amehifadhi msahafu wote. Masimulizi ya utoto wa makari hufanana sana, ukishasoma matatu umesoma yote, kwa hiyo sikuja kutafuta zaidi. Nilitaka kuona alichorudisha. Alijenga hapa msikiti na maahadi (shule) ya al-Azhar, na katika wasia wake aliacha theluthi ya mali yake kwa mambo ya kheri, hasa kuwahudumia wanaohifadhi Qur'ani. Kwa msomaji aliyealikwa kila pembe ya dunia, ambaye sauti yake iliuzwa kwa santuri na kaseti, hilo si neno dogo.

Tulipita mbele ya maahadi wakati wa mapumziko. Kelele tupu, mpira, kanzu zimefungwa kiunoni. Sikuona la kuandika hapo zaidi ya kwamba ilinifurahisha.

Aliyetupokea ni mzee mwenye galabia ya sufi na kikohozi. Chai nzito, sukari nusu bilauri. Hakutaka kunisimulia kuhusu al-Husary. Alitaka kujua sisi tunasoma kwa nani. Nikamtajia maalim wangu na maalim wa maalim wangu, akasema: "Soma." Nikasoma Fatiha. Nilipofika "waladh-dhaalliin" niliona mkono wake uko gotini na vidole vinakunjwa kimoja kimoja kwa mwendo sawa. Madda lazima, harakati sita. Harakati ya sita ilipotimia nilikuwa nimefika kwenye lamu. Akaitikia kwa kichwa, akaagiza chai nyingine.

Ule mwendo wa vidole ndio mizani ya zamani. Hakuna saa wala mashine. Harakati moja ni muda wa kukunja au kukunjua kidole, si upesi si polepole, na kama unasoma haraka vidole navyo vinaharakia, ilimradi uwiano ubaki. Kumbe unaweza kumsikiliza al-Husary dakika arobaini ukiwa na mkono gotini na usimkamate hata mara moja. Jioni hotelini nilijaribu kwa Suratul Kahf. Kijana alichoka kabla yangu akalala.

Jumatano, Tanta

Al-Azhar ina Kitivo cha Qur'ani, visomo na elimu zake, na kitivo hicho kiko Tanta, si Cairo. Nadhani hilo linajieleza. Kijana ana rafiki anayesoma hapo, Msudani, mrefu, mcheshi, na asubuhi yote ilikuwa yake.

Hapa lazima nikae kidogo, kwa sababu kwetu wengi tunadhani Qur'ani ina namna moja tu ya kusomwa na nyingine ni makosa ya watu wa mbali. Visomo vilivyothibiti ni kumi, kila kimoja kina wapokezi wake. Hafs, ambaye riwaya yake ndiyo tunayoisoma sisi na sehemu kubwa ya dunia, alikuwa mtu wa Kufa. Warsh alikuwa Mmisri: alisafiri hadi Madina akasoma kwa Nafi, akarudi, akafia Misri. Na bado leo Misri inasoma Hafs, huku riwaya ya Mmisri wao imetawala Moroko, Algeria na Afrika Magharibi. Qalun, mwenzake Warsh kwa Nafi, yuko Libya. Ad-Duri kutoka kwa Abu Amr yuko Sudan. Imam al-Shatibi, aliyezifunga riwaya za visomo saba katika shairi la beti 1173 ambalo wanafunzi hawa wanalikariri mpaka leo, alitoka Andalusia akaja kufia Cairo.

Msudani alitusomea Suratun Nas kwa Duri. Ilikuwa sura ninayoisoma kila usiku, na masikio yangu yalisimama. Kila "an-naasi" iliyo majruri (yenye kasra mwisho) inaingia imala, kwa hiyo mwisho wa kila aya, isipokuwa ya nne, unainama: rabbin-neesi, malikin-neesi, ilaahin-neesi. Ukija kwenye Fatiha, ni "maliki yaumid-diin", mimu fupi, kama wanavyosoma pia Warsh na Qalun, ambapo sisi tunavuta "maaliki". Akahamia Warsh: hamza ya "yu'minuuna" inayeyuka na kuwa madda, na zile madda zenye kufuatiwa na hamza zinavutwa harakati sita mpaka unatamani kumsaidia pumzi.

"Ulianza kwa nani hiyo Duri?" nikamuuliza.

"Kwa babu yangu, khalwani, chuo chetu cha Qur'ani," akajibu. "Lakini babu alikuwa na kaseti za al-Husary za Duri. Alikuwa anatuadhibu kwazo."

Hilo la mwisho watu wengi hawalijui. Baada ya Hafs ya 1961, al-Husary hakuishia hapo. Mwaka 1964 alirekodi Warsh, na 1968 akarekodi Qalun na Duri. Fikiria maana yake. Rekodi ya kwanza ilikuwa imeshaifanya Hafs isikike kila mahali. Redio, santuri, baadaye kaseti, zote zikisukuma riwaya moja. Kama angeachia hapo, angekuwa ameisaidia Hafs kuzimeza nyingine, kama ambavyo uchapaji wa msahafu wa Cairo wa 1924 ulivyokwisha kuisaidia. Yeye akarudi studio akazisoma na hizo, riwaya nzima nzima, kwa nidhamu ileile. Qari anayetafuta mapenzi ya watu wa Cairo hana haja ya kuisoma Qalun. Watu wa Cairo hawaisomi. Mwenye haja nayo ni mwanazuoni, ambaye kwake riwaya ya Libya ni amana kama ya mtaani kwake.

Tulimwacha Msudani saa saba mchana akikimbilia darasa. Treni ya kurudi ilichelewa sana na sitaki kuizungumzia.

Alhamisi, Cairo

Nyuma ya al-Azhar, Darb al-Atrak, kuna mtaa mwembamba wa maduka ya vitabu. Wauzaji wamekaa nje juu ya viti vya mbao, vitabu vimefungwa kamba, vumbi la kutosha. Nilikuwa natafuta kazi za al-Husary za maandishi, kwa kuwa watu wanaomjua kwa sauti hawajui kuwa aliandika. Nilipata kile cha hukumu za usomaji, na nikapata nilichokitaka zaidi, Maalimul Ihtidaa, kinachohusu mahali pa kusimama na mahali pa kuanzia.

Nikakaa nacho ndani ya al-Azhar, kwenye ukumbi wa nguzo. Waqfu, yaani kusimama, ni somo linalodharauliwa kwetu. Watoto husimama pumzi inapokwisha. Chukua aya ya 36 ya Suratul An'aam: wanaoitikia ni wale tu wanaosikia. Hapo kwenye msahafu kuna mimu ndogo, alama ya kusimama kwa lazima. Kisha inaendelea: na wafu, Mwenyezi Mungu atawafufua. Ukiunganisha bila kusimama, msikilizaji anaweza kudhani wafu nao wamo katika wanaoitikia. Mtu hajabadilisha herufi hata moja, makharija (mahali pa kutokea herufi) yote yako sawa, ghunna (sauti ya puani) iko sawa, na maana imeharibika. Kwa hiyo msomaji lazima ajue tafsiri, na nahau, na ajue pia ni wapi wanazuoni wamehitilafiana kuhusu kusimama.

Sasa rudi kwenye murattal yake na umsikilize kwa waqfu tu. Utamwona anavyojipanga mapema. Aya ndefu anaigawa akijua pumzi yake itakapofikia, anaposimama pana maana iliyokamilika, na akilazimika kurudi nyuma anarudi mahali ambapo sentensi inaweza kuanza. Sijawahi kumsikia akidaka pumzi kama mtu aliyeshtukizwa. Abdul Basit alipata sifa kwa kuunganisha aya nyingi kwa pumzi moja, na umma ulipiga kelele kwa furaha. Huyu alikuwa na fikira nyingine kuhusu pumzi ni ya nini.

Muuzaji wa vitabu, kijana mwenye miwani, alinisikia nikilieleza hili akaniambia baba yake alikuwa akisema Qur'ani iliteremka Makka, ikaandikwa Istanbul, ikasomwa Misri. Msemo maarufu, Wamisri hawauachi. Nikamuuliza kama Istanbul wanaukubali. Akacheka, lakini bei hakushusha.

Ijumaa, mji wa 6 Oktoba

Baada ya swala ya Ijumaa tulikwenda kutafuta gari la kwenda mji wa 6 Oktoba, magharibi ya Cairo. Hapo ndipo nilipoona jambo ambalo sikulitegemea. Konda ananing'inia mlangoni, mkono mmoja nje, anaita kwa sauti iliyopasuka: "Hosary! Hosary! Hosary!" Msikiti mkubwa wenye jina lake umekuwa kituo, kituo kimekuwa uwanja, uwanja umekuwa mtaa. Nusu ya abiria walikuwa vijana wa vyuo vikuu wenye simu masikioni, wakishuka "Hosary" kwenda kula. Sheikh aliyesimamia ukubwa wa madda kwa kidole, jina lake linavutwa na makonda harakati sita na zaidi bila sababu yoyote. Kijana alicheka mpaka akakohoa.

Msikitini baada ya Alasiri kulikuwa na halaqa ya watoto, tukaomba kukaa nyuma. Mwalimu alikuwa mtu wa makamo, na simu iliyoegemezwa kwenye marufaa. Njia yake ni hii: al-Husary anasoma aya kutoka kwenye simu, mwalimu anazima, mtoto anasoma. Al-Husary mwenyewe aliacha rekodi ya namna hii, msahafu wa kufundishia, kwa hiyo hakuna jipya. Walikuwa kwenye Yasin, na aya ilikuwa ya 52. Kwenye "marqadinaa" Hafs ana sakta, kimya kifupi bila kuvuta pumzi, kisha unaendelea "haadhaa". Ziko nne katika msahafu kwa njia ya Shatibiyya, lile shairi la al-Shatibi, na hii ndiyo inayowashinda watoto kuliko zote, kwa kuwa wameizoea sura.

Mtoto wa kwanza alipita moja kwa moja. Mwalimu akairudisha rekodi. Wa pili alisimama vizuri, ila alivuta hewa. Rekodi ikarudi tena. Wa tatu, mdogo, meno ya mbele hayapo, mwalimu akamwita karibu, akaweka kiganja mbele ya mdomo na pua ya yule mtoto, akamwambia asome. Akasoma, akanyamaza pale, mwalimu akasubiri na kiganja chake kikiwa palepale, mtoto akaendelea. "Aywa," mwalimu akasema, akakirudisha kiganja gotini. Simu ile ilikuwa imesoma sakta sahihi mara tatu na haikujua kama mtoto amevuta pumzi.

Njiani kurudi kijana aliniuliza nitawapelekea nini wanafunzi wangu. Nikamwambia kile kitabu cha waqfu nitakifundisha wakubwa, na nina rekodi ya Duri kwenye simu nitakayowasikilizisha wote, wajue kwamba iko.

"Wote, Maalim? Hata wadogo? Watachanganya."

"Watachanganya kama hakuna wa kuwasikiliza."

"Na wazee wao wakisema unawafundisha Qur'ani nyingine?"

"Nitawaambia msomaji ni yuleyule wanayemsikia redioni Ramadhani."

Alitikisa kichwa. Yeye angesubiri mtoto ahitimu Hafs, apewe ijaza (idhini ya kusomesha) yake kwanza, kisha ndiyo asikie jambo lolote jingine. Ndivyo anavyofundishwa yeye, na masheikh zake wana hoja. Nikampa zangu. Tulikuwa bado tunabishana foleni ilipoanza kusogea, na konda alikuwa amenyoosha mkono akitaka nauli ya watu wawili.